Matunda kwa Miezi Kumi na Miwili

Katika kila mwaka iko miezi ambayo mama wa nyumba aijua kuliko mtu mwingine ye yote. Ghala limekwisha, au yamebaki mahindi ya kuhesabu. Shamba ni la kijani kote, walakini halijatoa kitu cha kutia chunguni. Huku kwetu Tanga na Muheza, ambako mvua za masika huanza Machi na kuendelea hata Mei, miezi hiyo aghalabu ni Machi, Aprili na Mei, na pengine Juni pia. Baba huiita miezi ya palizi. Watoto huijua kwa dalili nyingine: ni miezi ya chakula kimoja kwa siku, na chakula chenyewe ni ugali na majani.

Sasa na tuitazame nyumba iyo hiyo mwezi wa Desemba. Uani iko miembe mitano, mikubwa, iliyopandwa na babu. Maembe yameiva yote pamoja. Watoto wamekula asubuhi, mchana na jioni. Mbuzi wamekula hata wamechoka. Yaliyosalia yamelala chini yakioza, na nzi wanavuma juu yake. Mama alichukua kikapu sokoni akarudi nacho, kwa kuwa kila nyumba ilichukua kikapu cha maembe siku iyo hiyo. Ikifika Machi hapana embe hata moja, na njaa ndiyo inaanza.

Nyumba hii si ya mvivu, wala si ya mtu asiyependa miti. Babu alifanya kazi njema. Neno moja tu lilikosekana: miti mitano ya aina moja huchanua pamoja, huiva pamoja, na kuisha pamoja. Kwa tumbo la mtoto, miembe mitano ni mwembe mmoja. Kama babu angalipanda mwembe mmoja, na mchungwa mmoja, na mpera, na mparachichi, na mipapai mitatu, ardhi ingalikuwa ile ile na jasho lile lile, lakini wajukuu wangalichuma kitu karibu kila mwezi. Hilo ndilo twataka kulieleza mwezi huu: bustani ya nyumbani yafaa ipandwe kwa kuifuata hesabu ya miezi, hasa miezi ya njaa, wala si kwa kufuata tunda tulipendalo tu.

HESABU YA MIEZI

Kazi ya kwanza haihitaji jembe. Yahitaji karatasi na penseli, nayo yaweza kufanywa jioni moja na mwanafunzi ye yote ajuaye kuandika. Apige mistari, afanye vyumba 12, na juu ya kila chumba aandike jina la mwezi. Kisha baba na mama wakae pamoja naye.

Baba ataje miti iliyopo uani, na kila mti uandikwe katika miezi inayoiva matunda yake. Kisha mama aulizwe: “Mama, ni mwezi gani ghala letu hupungua? Ni mwezi gani huna cha kuwapa watoto kati ya asubuhi na jioni?” Miezi hiyo itiwe alama nyeusi. Na aulizwe mama, asijibiwe na baba, kwa kuwa mwenye kuingia ghalani na kibaba mkononi ndiye ajuaye kina chake.

Wakimaliza, karatasi itasema yenyewe. Katika nyumba nyingi za pwani Desemba na Januari itakuwa imejaa, kwa kuwa maembe huiva sana kati ya Novemba na Februari. Tena Juni hata Septemba itakuwa na machungwa, maana ndio msimu mkubwa wa machungwa ya Muheza. Lakini penye alama nyeusi huenda pakawa patupu. Basi pale patupu ndipo pa kupanda.

Je, nini kitajaza pale? Mpapai na mgomba huzaa mwaka mzima, kwa hiyo ndio wa kwanza. Mingine hutofautiana kwa mahali, kwa mvua na kwa mbegu: mahali pengine mapera na parachichi hupatikana wakati wa masika, na pengine hukawia. Hata miembe yenyewe haifanani. Dodo, boribo na ngowe haziivi juma moja. Basi waulizeni wazee wa kijiji, tena nendeni sokoni katika mwezi ule mweusi mkatazame ni tunda gani liko mezani, na mwulizeni mwuzaji lilikotoka. Likiwa limetoka kijiji cha jirani, kwenu pia litaota.

Njia hii si yetu peke yetu. Shirika la utafiti wa miti na kilimo liitwalo ICRAF, lililoanzishwa Nairobi mwaka 1978, limeifundisha kwa wakulima wa Kenya: kuchagua miti ya aina mbalimbali, ya kigeni na ya asili, ipokezane zamu ya kuiva, hata pasiwe na mwezi mtupu.

KWA NINI MATUNDA, WALA SI UGALI TU

Watu husema kwamba tunda ni la kuchezea, na chakula ni kile kinachojaza tumbo. Neno hili lina ukweli nusu. Ugali humpa mtoto nguvu za kukimbia, lakini mwili wahitaji na vitu vingine, vidogo kwa kipimo, ambavyo havimo katika unga mweupe. Shirika la Afya Duniani lashauri kwamba mtu mzima ale matunda na mboga zisizopungua gramu 400 kila siku.

Embe bivu na papai bivu vina rangi ya manjano ambayo mwili huigeuza kuwa vitamini A. Mtoto aikosaye huanza kutoona vizuri jioni, hujikwaa mahali ambapo wenzake wapita salama. Na akizidi kuikosa aweza kupofuka, na maradhi ya kawaida humshinda. Pera nalo ni hazina ya vitamini C. Gramu 100 za pera zina zaidi ya miligramu 200, na gramu 100 za chungwa zina kiasi cha miligramu 50. Yaani pera ambalo mtoto huliokota njiani lina mara nne ya chungwa linalonunuliwa. Tena vitamini C husaidia mwili kupata madini ya chuma yaliyomo katika mchicha na maharagwe. Kwa hiyo mama ampe mtoto pera pamoja na chakula hicho, wala si siku nyingine. Faida itakuwa kubwa zaidi, hasa kwa mama mjamzito na kwa binti aliyevunja ungo.

KUPANDA

Miti mingi hufa kwa sababu ya shimo. Mtu huchimba kitundu cha kutosha mizizi ya mche, huusindika, hukanyaga, akaenda zake. Shimo la mti wa matunda liwe na upana wa sentimeta 60 na kina cha sentimeta 60, yaani zaidi kidogo ya mkono mmoja tangu kiwiko hata ncha ya kidole. Lichimbwe mwezi mmoja kabla ya mvua. Udongo wa juu, ule mweusi, uwekwe upande mmoja. Na udongo wa chini, ule mwekundu, upande wa pili. Kisha udongo mweusi uchanganywe na madebe mawili ya samadi iliyooza vizuri, urudishwe shimoni. Samadi mbichi huunguza mizizi, tena huita mchwa.

Mche upandwe mvua zikiisha kushika, saa za jioni. Usizamishwe kupita pale ulipokuwa kitaluni. Majani makavu au nyasi zitandazwe chini yake kuhifadhi unyevu, lakini zisiguse shina. Ziache nafasi ya shubiri moja. Kuti la mnazi likisimikwa upande wa jua la alasiri litaukinga mche kwa miezi ya kwanza. Na mbuzi akingwe kwa miiba, kwa kuwa mbuzi mmoja kwa nusu saa ataiharibu kazi ya mwaka.

Nafasi kati ya miti isipuuzwe. Mwembe wahitaji meta 10 kwa mwenziwe, mchungwa 6 au 7, mpera 5, na mpapai 3 au pungufu kidogo. Mche wa mwembe ni mdogo, na macho hudanganyika. Lakini baada ya miaka 15 utaweka kivuli juu ya bustani yote. Katika nafasi zilizo wazi, miaka ya kwanza, pandeni mipapai, mananasi, maharagwe na mchicha. Mpapai huanza kuzaa kati ya miezi 9 na 12, nao utawalisha watoto wakati mwembe ungali mdogo. Katika shimo la mpapai tieni miche mitatu au minne. Ikichanua, mtaijua midume kwa maua yake yaliyoning'inia kwa vikonyo virefu. Ing'olewe, ukaachwa mdume mmoja kwa majike kumi.

Kuhusu mbegu na kubebesha, twasema hivi. Mwembe uliotoka katika kokwa hukawia miaka 6 au 8, pengine zaidi. Uliobebeshwa huzaa katika mwaka wa 3 au wa 5, na tunda lake ni sawasawa na la mti mama. Machungwa nayo hubebeshwa juu ya mche wa mlimau, ambao mizizi yake ni yenye nguvu. Mche ukifikia unene wa penseli hukatwa, kikonyo cha mti mwema huchongwa kama kabari, huingizwa katika mpasuko, gome likutane na gome, kisha hufungwa kwa utepe wa plastiki. Kazi hii si uchawi. Mwalimu aliye na kisu kikali na mkono mtulivu aweza kujifunza kwa bwana shamba katika siku moja, na kuwafundisha wanafunzi wake kwa siku zote.

VICHAKA VYA KWETU

Sasa twageukia matunda ambayo babu zetu hawakuyapanda, kwa kuwa hawakuhitaji kuyapanda. Majina yenyewe yatufundisha. Pera, nanasi na papai ni maneno yaliyotufikia kwa njia ya Wareno, na miti hiyo asili yake ni Amerika. Fenesi ni neno la Kihindi, na mfenesi ulitoka huko. Lakini mfuu, mkunazi, mchongoma, mkwamba, mbungo, mkwaju na mbuyu hazikuletwa na merikebu za Wareno. Tangu zamani zilikuwa porini kwetu, na mtoto aliyechunga mbuzi alizijua zote kwa ladha. Hata mkwaju, ambao Waarabu waliuita tende ya Hindi, asili yake ni Afrika.

Pori hilo lapungua. Mkwaju hukatwa kwa mkaa. Kichaka husafishwa kwa shamba la mahindi. Mtoto wa leo akirudi shuleni hapiti penye makunazi wala mafuu, hupita penye duka la pipi. Basi tusilie juu ya pori tu. Tulilete karibu na nyumba, angalau kichaka kimoja kimoja.

Pa kuanzia ni ua. Nyumba nyingi zimezungukwa na minyaa. Mnyaa huota upesi, hilo ni kweli, lakini hauna tunda, na maziwa yake yakimwingia mtoto jichoni huliunguza vibaya. Badala yake pandeni mchongoma. Una miiba ya kumzuia ng'ombe na mwizi, na una matunda madogo ya mviringo, mekundu yakigeuka kuwa meusi, matamu yenye ukali kidogo, yafaayo kuliwa na kupikwa jamu. Miche ipandwe karibu karibu, mkono mmoja kati ya mche na mche, ikatwe kila mwaka ili iwe minene. Haukui upesi kama mnyaa. Mnapoungoja, wekeni uzio wa fito. Wala msiupande kando ya njia ya watoto wadogo, kwa maana wahenga walisema, “Kupanda mchongoma, kushuka ndiyo ngoma.”

Mkunazi huvumilia ukame kuliko mchungwa, nao wafaa kwa wale wakaao penye mvua haba. Kokwa yake ni ngumu. Igongwe polepole ipasuke pasipo kuponda kiini, ndipo ipandwe. Huko India mikunazi yenye matunda makubwa hubebeshwa kama miembe. Mbegu za mkwaju zilowekwe majini usiku mmoja. Mbegu za mbuyu zimiminiwe maji ya moto na kuachwa humo siku moja au mbili. Ama mfuu, ambao mbegu zake ni shida kuota, tafuteni machipukizi yanayotokea mizizini mwa mti mkubwa, myachimbe pamoja na mizizi yake wakati wa mvua.

Na kwa wapendao matunda madogo ya kuchuma kwa ncha za vidole, uko mforosadi, ingawa huo ni mgeni kutoka Asia. Kateni matawi yaliyokomaa, ya urefu wa shubiri moja, yenye macho matatu au manne. Yasimikeni ardhini masika yaanzapo, jicho moja au mawili yakibaki juu. Mwaka wa pili watoto watakuwa na midomo ya zambarau, na mama ataona madoa katika mashati yao meupe.

Ndugu zetu wa milimani, Lushoto na kwingineko kwenye baridi, wana bahati nyingine: matunda damu, mapichi na mapeasi hustawi kwao na hayastawi kwetu. Wasione wivu juu ya minazi yetu, nasi tusipoteze fedha kununua miche yao. Kila tunda lina hewa yake.

MGENI AWEZA KUTOROKA

Twasema neno la hadhari. Mwaka 1902 Wadachi walianzisha Amani, katika milima ya Usambara Mashariki, taasisi ya kuchunguza mimea, na bustani yake ilipokea miti ya pande nyingi za dunia. Faida ilikuwa nyingi. Lakini mimea mingine haikukaa bustanini. Mhesi, mti uliotoka upande wa Ziwa na Uganda, matunda yake huliwa na hondohondo. Ndege hao walizichukua mbegu, na mti ukaingia katika msitu wa asili ukashika nafasi ya miti iliyokuwako. Kadhalika kichaka kimoja cha Amerika, chenye matunda madogo meusi-buluu yapendwayo na watoto na ndege, kimetoka pale kikasambaa kandokando ya njia za msituni.

Basi mtu akikuletea mche wa kichaka usichokijua, chenye matunda yanayoliwa na ndege, usiukubali kwa haraka, hasa ukiwa unakaa karibu na msitu. Ndege haheshimu ua. Kichaka cha asili ya mahali hapo hakina hatari hii, na hiyo ni sababu nyingine ya kukipenda.

BUSTANI KAMA NYUMBA YA GHOROFA

Mtu atasema, “Eneo langu ni dogo, nitapanda wapi hayo yote?” Na aende Kilimanjaro akatazame kihamba cha Mchaga. Uchunguzi uliochapishwa mwaka 1984 ulionyesha kwamba kihamba kwa wastani kilikuwa na hekta 0.68 tu, na humo mlikuwa na aina zaidi ya 100 za mimea. Juu husimama miti mirefu, chini yake migomba, chini ya migomba kahawa, na chini kabisa magimbi na mboga. Ng'ombe amefungwa zizini, na samadi yake hurudi shimoni. Ni kama nyumba ya ghorofa ambayo kila mpangaji ana dari yake. Mwaka 2011 shirika la FAO lilikiweka kilimo cha kihamba cha Shimbwe Juu katika orodha ya urithi wa kilimo wa dunia.

Pwani hatuna mvua za Kilimanjaro, lakini mpango waweza kuigwa: mnazi au mkwaju juu, mchungwa na mpera katikati, mananasi na mboga chini, na mchongoma kuzunguka.

NZI, NA RAFIKI ASIYEPENDWA

Adui mkubwa wa maembe siku hizi ni nzi wa matunda aliyetoka Asia, aliyeonekana mara ya kwanza katika bara letu huko Kenya mwaka 2003, kisha akaenea nchi nyingi. Jike hutoboa ganda na kutaga ndani. Funza hula tunda, hushuka ardhini, hugeuka na kuruka tena. Kwa hiyo embe lililoanguka si takataka, ni kitalu cha nzi. Watoto wapewe kazi ya kuokota yaliyoanguka kila siku. Yatiwe katika mfuko mweusi wa nailoni uliofungwa kabisa, uachwe juani siku kadhaa; au yafukiwe kwa kina kinachozidi nusu meta. Kuyatupa jalalani ni kumlea adui. Na jirani naye afanye hivyo, maana nzi wa jirani ni nzi wako.

Rafiki asiyependwa ni majimoto, wale chungu wekundu washonao majani kuwa nyumba. Huuma, tena vibaya, na watu wengi huwachoma moto. Lakini huwinda wadudu wanaotoboa matunda. Huko Unguja wataalamu wamechunguza tangu miaka ya 1950 jinsi wanavyoikinga minazi, na wamesaidia katika miembe na mikorosho pia. Waacheni, mkachume kwa upembo mrefu.

NENO JUU YA MALI NA AMANI YA NYUMBA

Twamaliza na mambo mawili yaletayo ugomvi, kwa kuwa mti hudumu kuliko mapatano ya mdomo.

La kwanza ni ardhi. Pwani yetu ni desturi ya zamani kwamba mtu mmoja aweza kuwa na mti na mwingine akawa na udongo ulio chini yake. Na mahali pengi mwenye kuazimwa shamba hukatazwa kupanda miti ya kudumu, kwa kuwa mti huonekana kama dai la kumiliki. Kesi nyingi za ndugu zimeanzia kwenye mnazi mmoja. Kabla ya kupanda katika ardhi ya ukoo au ya kuazima, semeni mbele ya mashahidi, mkaandike, na nakala ikae kwa serikali ya kijiji: nani anapanda, nani atachuma, na mjane atabaki na nini mumewe akifa. Katika Tanzania, Sheria ya Ardhi ya Vijiji ya mwaka 1999 yatoa hati ya hakimiliki ya kimila, na hati hiyo yaweza kuandikwa kwa jina la mume na la mke pamoja. Fanyeni hivyo mti ungali mche, wakati hauna thamani ya kugombewa.

La pili ni fedha. Mchuuzi huja na lori machungwa yakiwa bado mabichi, pengine mti ukiwa katika maua, akanunua mti mzima. Baba ana ada ya shule ya kulipa, naye hukubali. Kuanzia siku hiyo matunda si yake. Watoto wake hupita chini ya mchungwa wa babu yao wakikatazwa kuokota. Hatusemi mtu asiuze. Ada ni ada. Twasema tu kwamba katika kila bustani uwepo mti mmoja, au miwili, ambao baba na mama wameafikiana kwamba hauuzwi, wala mtini wala kikapuni. Uitwe mti wa watoto. Na uchaguliwe kwa kuitazama ile karatasi ya vyumba 12: uwe ni ule unaoiva katika mwezi wenye alama nyeusi.

Walimu wetu, ninyi mwaweza kuanza mapema kuliko wote. Mkiwa na makopo na viriba 40 vya miche nyuma ya darasa, kila mwanafunzi wa darasa la mwisho ataondoka na mche mmoja, pamoja na karatasi ya miezi aliyoiandika nyumbani kwao. Mashimo na yachimbwe Februari, ili masika yakianza yawe tayari.